Fedha Zilizolipwa kwa Hukumu Iliyotenguliwa

Mtu ameshtakiwa kwa madai, akashindwa, akalipa. Hakulipa kwa hiari. Dalali wa mahakama alikwisha kufika getini, au benki ilikwisha kupokea amri ya kuzuia akaunti yake, na fedha zikatoka. Lakini alikuwa amekata rufaa, na baada ya miaka majaji wa juu wakasema kwamba hakupaswa kulipa hata senti. Anashuka ngazi za mahakama akiwa na nakala ya hukumu yenye muhuri mwekundu, ndugu zake wanampa mkono wa pongezi, na hapo ndipo swali linapoanza: fedha zake ziko wapi, nani atazirudisha, lini, na zitakuwa na thamani gani zitakaporudi? Hoja yangu jioni ya leo ni moja tu. Kurudisha fedha hizo si fadhila ya mahakama, si ungwana wa aliyezipokea, wala si kesi mpya ya kwenda kufunguliwa. Ni sehemu ya hukumu ya rufaa yenyewe. Na kwa kuwa ni sehemu ya hukumu, mahakama inayoruhusu fedha zitoke kabla rufaa haijaisha ina wajibu wa kupanga, siku ile ile inapoziruhusu, namna zitakavyorudi.

Msingi wa kisheria upo, tena ni wa zamani. Katika Sheria ya Mwenendo wa Madai ya Tanzania Bara, iliyotungwa mwaka 1966 kuchukua nafasi ya sheria ya India iliyokuwa ikitumika hapa tangu utawala wa Waingereza, upo utaratibu ambao mawakili wamezoea kuuita kifungu cha 89. Kenya inao katika kifungu cha 91 cha sheria yake ya mwenendo wa madai. Vyote viwili ni watoto wa mama mmoja, yaani kifungu cha 144 cha sheria ya India ya mwaka 1908. Maana yake ni hii: tuzo ikibadilishwa au ikitenguliwa, mahakama iliyosikiliza shauri mwanzo, ikiombwa na anayestahili, itawarudisha wahusika, kwa kadiri inavyowezekana, mahali ambapo wangekuwa kama tuzo ile isingetolewa. Kwa ajili hiyo inaweza kuamuru gharama zirudishwe, riba ilipwe, na hata fidia. Kisha kinakuja kifungu kidogo ambacho wengi hawakisomi: mtu haruhusiwi kufungua kesi mpya kudai kile ambacho angeweza kukipata kwa maombi haya. Tazameni uzito wake. Mtunga sheria hakusema mahakama ‘inaweza’ kurudisha, bali alisema itarudisha. Tena alifunga mlango wa kesi mpya, kwa kuwa alijua kwamba mtu aliyekwisha kupigana ngazi mbili au tatu hapaswi kuambiwa aanze tena ngazi ya kwanza ili apate kilicho chake.

Mbona basi jambo lililoandikwa waziwazi namna hii huwa gumu hivi likifika kwenye utekelezaji? Nadhani sehemu ya ugumu iko kwenye maneno tunayotumia, na kwa kuwa tangu mwaka 2021 sheria ya Tanzania imekipa Kiswahili nafasi ya lugha ya mahakama, maneno hayo si mchezo. Amri ya mwisho ya shauri la madai tunaiita tuzo. Mtaani, tuzo ni kitu anachopewa mshindi mbele ya watu akapigiwa makofi, na hakuna aliyewahi kusikia mtu akinyang’anywa kikombe alichokabidhiwa jukwaani. Anayelipwa kwa tuzo iliyokatiwa rufaa anaondoka na hisia hiyo hiyo, kwamba kilichotolewa kimetolewa. Halafu siku ya kurudisha tunatumia neno fidia. Fidia, katika masikio ya Mswahili, ni malipo ya aliyekosa kwa aliyekosewa. Mshindi wa kwanza akiambiwa alipe fidia anahisi ameitwa mwizi, na ana haki ya kukasirika, maana hakuiba. Alikwenda mahakamani, akaleta mashahidi wake, hakimu akampa. Urejeshaji hauulizi nani amekosa, unauliza kitu kimoja tu: fedha hizi zilitoka mfukoni mwa nani kwa nguvu ya karatasi gani, na karatasi ile bado ina nguvu? Jibu la swali la pili likiwa ni hapana, fedha zinarudi, hata kama kila mtu katika kisa hiki alikuwa mwaminifu tangu mwanzo hadi mwisho.

Kama kuna mkosaji, basi ni mahakama, na ilikwisha kukiri hivyo zaidi ya miaka 150 iliyopita. Mwaka 1871 Baraza la Faragha la Uingereza, lililokuwa mahakama ya mwisho ya makoloni, liliamua shauri la Rodger dhidi ya Comptoir d’Escompte de Paris, lililotoka Hong Kong. Benki ya Kifaransa ilikuwa imeshinda huko na kulipwa, kisha hukumu ikatenguliwa London. Fedha za msingi zilirudi. Kilichobaki kikibishaniwa ni riba ya muda ambao fedha zilikuwa mikononi mwa benki. Lord Cairns, aliyetoa uamuzi wa Baraza, alisema kwamba wajibu wa kwanza na mkubwa wa mahakama zote ni kuhakikisha kwamba tendo la mahakama halimdhuru yeyote aliyekuja mbele yake. Akafafanua, na hapa ndipo pana uzito kwangu, kwamba ‘tendo la mahakama’ si la hakimu wa chini peke yake. Ni la mahakama nzima kama mwili mmoja, kuanzia ile iliyopokea shauri hadi ile iliyolimaliza. Kwa hiyo mahakama ya juu haiwezi kunawa mikono ikisema kosa lilikuwa la wadogo zake, wala ya chini haiwezi kusema kazi yake iliisha siku ilipotoa hukumu. Riba ililipwa.

Nimeitaja riba kwa sababu hapo ndipo haki nyingi hupotelea kimya kimya. Chukueni mfano wa kubuni, tuupige hesabu. Mahakama imeamuru mtu alipe shilingi milioni 60. Amelipa, rufaa imechukua miaka minne, na ameshinda. Kwa kanuni za Tanzania, deni la hukumu lina riba ya asilimia 7 kwa mwaka tangu siku ya hukumu hadi litakapolipwa, isipokuwa wahusika wamekubaliana kiwango kingine kisichozidi asilimia 12. Kama huyu angechelewa kulipa miaka hiyo minne na rufaa yake ikagonga mwamba, angedaiwa shilingi milioni 4.2 kila mwaka, jumla milioni 16.8 juu ya deni lenyewe. Lakini yeye hakuchelewa, alilipa, na baadaye ikaonekana hakuwa anadaiwa. Anaporudishiwa milioni 60 tupu, bila senti ya ziada, tumemtendea vibaya kuliko ambavyo tungemtendea mdaiwa mkaidi. Yule mkaidi alibaki na matumizi ya fedha, na huyu mtiifu aliyakosa. Kifungu kinaruhusu riba, lakini kinaiacha kwenye hiari ya hakimu, na mwombaji asipoiomba mara nyingi haipati. Msimamo wangu ni kwamba riba ya kurejesha iwe ndiyo kawaida, kwa kiwango kile kile ambacho mshindi wa kwanza angelipwa, na anayetaka isilipwe ndiye abebe mzigo wa kueleza kwa nini. Mizani ina pande mbili, na jiwe moja lazima lipime pande zote.

Pingamizi la kwanza ni zito na linatoka kwa watu wenye huruma. Aliyelipwa, wanasema, amekwisha kuzitumia. Amelipa ada za watoto, amemtibu mzazi, amepaua nyumba iliyokuwa imesimama kwenye kenchi. Alizitumia kwa nia njema akiwa na hukumu halali mkononi. Je, tumrudie leo tumwambie atapike? Hapa dhana ya amana inaweza kutusaidia, ingawa si kwa ukamilifu. Mwenye kupewa amana haruhusiwi kuigusa, lakini aliyelipwa kwa hukumu anaruhusiwa, maana fedha ni zake kwa siku zile. Tofauti hiyo lazima ikubaliwe. Lakini wanafanana katika jambo moja: wote wawili wanajua. Aliyepokea fedha huku rufaa ikiwa masjala hakudanganywa. Alipelekewa notisi ya rufaa, akasaini kuipokea au wakili wake akasaini, akajua kwamba haki yake ina sharti. Nia njema inamlinda asilaumiwe, lakini haibadilishi mali ya mwingine kuwa yake. Kinachostahili huruma ni namna ya kulipa, si kuwapo kwa deni. Mahakama inaweza kumpa awamu, kama inavyowapa wadaiwa wengine wa hukumu kila siku. Isichoweza kufanya ni kugeuza huruma yake kuwa mchango wa lazima unaotoka kwa mtu ambaye yenyewe imesema hakuwa na deni.

Pingamizi la pili hutoka kwa wanasheria wenyewe. Urejeshaji, wanasema, ni dawa ya waliolala, kwa sababu aliye macho huomba kusimamisha utekelezaji. Kweli, rufaa peke yake haisimamishi chochote, na njia ya kuomba ipo. Mahakama ya Rufani ya Tanzania ina Kanuni ya 11, na mwombaji lazima aonyeshe kwamba atapata hasara kubwa, kwamba hakuchelewa, na kwamba ameweka dhamana. Kenya inadai karibu mambo hayo hayo. Lakini tuitazame dhamana hiyo kwa karibu. Mara nyingi ni dhamana ya benki, na benki haitoi ahadi kwa mtu asiye na fedha zilizofungwa au hati ya nyumba ya kuweka rehani. Mfanyabiashara mwenye duka moja, ambaye hukumu imekula mtaji wote, anaipata wapi? Kuna jambo zito zaidi. Maombi ya kusimamisha malipo ya fedha hukataliwa mara nyingi kwa sababu hii moja: fedha si kama nyumba itakayobomolewa, zinaweza kurudishwa, kwa hiyo hasara isiyofidika haipo. Basi mahakama imetoa ahadi. Imemwambia mwombaji alipe kwanza, kwani akishinda atarudishiwa. Mahakama ikishasema hivyo ili imkatalie, haiwezi baada ya miaka minne kumtazama kama mtu anayeomba neema. Urejeshaji ndio nguzo iliyoshikilia amri ya kukataa, na nguzo hiyo ikiwa ya udongo, amri zote zilizojengwa juu yake zimepinda.

Mahakama ya Rufani ya Kenya iliuona ukweli huu mwaka 2006, katika shauri ambalo benki iliogopa kwamba aliyeshinda asingeweza kurudisha. Majaji walisema kwamba mwombaji hawezi kuijua hali ya mfuko wa mwenzake, kwa hiyo akishaeleza hofu ya maana, mzigo unamhamia anayetaka kulipwa aonyeshe ana nini. Hiyo ni busara kubwa. Swali la kurudi kwa fedha linaulizwa kabla hazijatoka, kwa mtu pekee mwenye jibu.

Hata hivyo busara hiyo ina upande wenye makali, na pingamizi la tatu linatokea hapo hapo. Walalamikaji wengi wa kesi za madai si benki. Ni abiria aliyevunjika mguu kwenye basi, ni mjane wa mlinzi aliyekufa kazini. Anayekata rufaa ni kampuni ya bima yenye mawakili wa kudumu, na kama umaskini wa mlipwaji ndio sababu ya kumzuilia fedha, basi aliye maskini zaidi ndiye atakayesubiri zaidi, na wengine watakufa wakisubiri. Silichukulii jambo hili kwa wepesi, kwa sababu kanuni ya kurejesha ikigeuzwa kuwa kisingizio cha kutolipa itakuwa imeua kile ilichokuja kukilinda. Lakini mahakama za Kenya zimekwisha kuonyesha njia ambayo kwa maoni yangu ni nzuri kuliko zote tulizonazo: sehemu ya fedha, mara nyingi nusu, analipwa mshindi mara moja, na sehemu iliyobaki inawekwa benki kwenye akaunti ya pamoja yenye riba, kwa majina ya mawakili wa pande zote mbili. Mgonjwa anapata cha matibabu. Mrufani anajua kwamba nusu iko mahali inapoonekana. Atakayeshinda anaikuta na faida yake. Ningependa tu nusu isiwe ya mazoea. Pale ambapo rufaa inapinga kiasi tu na si wajibu wenyewe, kwa mfano kampuni inasema milioni 60 ni nyingi na stahili ni milioni 25, hizo 25 hazina ugomvi. Zilipwe zote leo, na kinachobishaniwa peke yake ndicho kiwekwe. Kifungu chenyewe kinasema tuzo inarejeshwa kwa kadiri ilivyotenguliwa, na kadiri hiyo inaweza kukisiwa mapema kwa kusoma sababu za rufaa.

Kuhusu watu wa tatu sitakaa sana, kwa kuwa mada yetu ni fedha. Ikiwa ili kupata fedha hizo nyumba iliuzwa kwa mnada, sheria tangu uamuzi wa Baraza la Faragha wa mwaka 1887 kutoka India imetofautisha wanunuzi wawili. Mgeni aliyenunua kwa nia njema analindwa. Mshindi wa kesi aliyenunua mwenyewe kwa tuzo yake halindwi, na nyumba inarudi. Aliyenyang’anywa nyumba iliyokwenda kwa mgeni anabaki na dai la fedha, na hapo bei ya mnada isiwe ndiyo kipimo, maana kila mtu anajua mnada wa mahakama unauza kwa bei gani. Kipimo ni kile alichopoteza. Vivyo hivyo kwa ada ya wakili na malipo ya dalali yaliyokatwa njiani. Aliyeshinda rufaa anarudishiwa kiasi kizima kilichotoka kwake, si kile kilichobaki baada ya wengine kuchukua chao. Mwenye tuzo ndiye aliyewaita watu hao kazini.

Swali gumu kweli ni jingine, na linatokea sana kwetu Tanzania. Mahakama ya juu haikusema nani ana haki. Imesema tu kwamba mwenendo ulikuwa na kasoro, ikafuta kila kitu na kuamuru shauri lisikilizwe upya. Aliyelipwa anasema: mimi sijashindwa bado, kesi ikirudi nitashinda tena, kwa nini nirudishe leo nije nidai kesho? Hoja ina mvuto. Inasaidiwa na maneno ya kifungu chetu, yanayotaja tuzo ‘kubadilishwa au kutenguliwa’ bila kufafanua kwa njia gani. India iliona tatizo, na mwaka 1976 ikapanua kifungu chake kitaje mapitio, mienendo mingine na tuzo zilizofutwa kwa kesi. Sisi tulibaki na maandishi ya 1908. Lakini hata kwa maandishi hayo, jibu lipo ukirudi kwenye swali la msingi: wangekuwa wapi kama tuzo ile isingekuwapo? Wangekuwa na shauri lisiloamuliwa, na hakuna mtu anayekaza hukumu ya shauri lisiloamuliwa. Fedha basi hazina sababu ya kukaa kwa mlalamikaji. Mahakama ya Juu ya India mwaka 2003, katika shauri la South Eastern Coalfields, ilikwenda mbali zaidi. Ilisema kanuni ya kurejesha haikuzaliwa na kifungu chochote, inatokana na haki yenyewe, na inayagusa hata manufaa yaliyopatikana kwa amri za muda, la sivyo watu watajifunza kuishi kwa kuburuza kesi. Kwangu, pale ambapo usikilizaji mpya umeamriwa, akaunti ya pamoja ndiyo jibu tena. Fedha zitoke kwa aliyelipwa, lakini zisivuke kwenda kwa mwenzake mpaka kuwe na hukumu inayosimama. Na kama aliyelipwa ni dhaifu na ushahidi wa awali ulikuwa na nguvu, hakimu ana mamlaka yake ya asili, kifungu cha 95 cha sheria yetu ya mwenendo wa madai, ya kumwachia sehemu.

Mtaniuliza kama haya yote yanahitaji sheria mpya ya Bunge. Kurekebisha kifungu kingekuwa vyema, lakini hakuna haja ya kusubiri. Kanuni za rufaa tangu zamani zinaruhusu mahakama, inapoacha utekelezaji uendelee wakati rufaa ipo, kumdai mwenye tuzo dhamana ya kurejesha. Kanuni hiyo ni ya 6 katika Amri ya XXXIX ya sheria yetu hiyo hiyo ya mwenendo wa madai, inafuata mara tu baada ya ile maarufu ya 5 ya kusimamisha utekelezaji, na ni ajabu namna mawakili wanavyoishia kwenye ya 5 wakafunga kitabu. Hakimu anayekataa kusimamisha malipo anaweza, katika aya moja ya mwisho ya uamuzi wake, kuandika kwa Kiswahili ambacho pande zote mbili zitakisoma bila mkalimani: ‘Maombi yamekataliwa. Mdaiwa atalipa shilingi milioni 60 ndani ya siku 30. Kati ya hizo, milioni 25 ambazo hazibishaniwi zitalipwa kwa mdai moja kwa moja, na milioni 35 zitawekwa benki katika akaunti yenye riba kwa majina ya mawakili wa pande zote. Rufaa ikifaulu, kwa kadiri itakavyofaulu, kilichowekwa kitarudi kwa mdaiwa pamoja na riba yake, na chochote alichopokea mdai kupita stahili yake atakirudisha kwa riba ya asilimia 7 kwa mwaka tangu siku alipokipokea, kwa maombi yatakayoletwa mbele ya mahakama hii, bila kufungua shauri jipya.’